Mwaka wa Alimu Shumbe

Mwezi uliopita, kwenye kambi ya macho pale Garsen, nilikalishwa kwenye benchi tangu asubuhi, nikatiwa dawa ya kupanua mboni, nikaambiwa ningoje. Mimi si mtu wa kungoja. Watoto wote niliowafundisha chekechea watakuambia hivyo, na baadhi yao sasa ni watu wazima wenye vitambi. Dawa ile iliigeuza dunia nzima kuwa ukungu. Wauguzi walikuwa mavazi meupe yanayotembea bila vichwa, mlango ulikuwa mwanga tu, na mto, ambao najua fika uko upande gani, ungeweza kuwa popote. Nilikuwa nimekwisha kumkasirikia kila mtu, nikabaki kujikasirikia mwenyewe kwa kuja, ndipo nikasikia muuguzi akimwambia mama mmoja upande wa pili wa benchi kwamba arudi Alhamisi. Yule mama akauliza, kwa sauti ya mtu anayeuliza bei ya sukari, "Alhamisi ya rangi gani?"

Muuguzi alicheka, akadhani labda mama wa watu amechanganyikiwa na dawa. Mimi sikucheka. Kikaratasi changu cha namba kilinidondoka sakafuni, nikakipapasa mpaka nikakipata. Duniani pote ni watu wawili tu wanaojua kwamba siku zina rangi, na mmoja wao nilikuwa mimi. Nikajibu bila kugeuka, maana hata ningegeuka nisingeona kitu, "Ya kijivu, yenye pembe moja." Kisha nikasikia mtandio ukiburuzika kwenye benchi, watu wakisogezwa kwa kiwiko, na mkono mkavu ukanishika kifundo cha mkono. "Hawayu," akasema. Nikamwambia, "Kuresha." Tukakaa hivyo, vikongwe wawili wasioona, na muuguzi akaja kutuuliza kama kuna anayeumwa. Ilikuwa imepita miaka arobaini na ushei, na kwa miaka yote hiyo hakuna mtu niliyemwogopa kuliko yeye.

Kuhusu nyumbani kwetu sitasema mengi. Walikuwa watu wa kijiji cha Wema, wakulima wa mpunga na ndizi, na makosa nitakayoyasimulia hapa si yao. Mwaka ninaoutaka ulianza nilipoingia kidato cha pili, nikahamia nyumbani kwa Bwana Maro pale Garsen, kwa sababu njia ya kwetu ilikuwa ikikatika kila mto ulipofura. Bwana Maro hakuwa ndugu yetu. Alikuwa msoma kipimo cha mto. Ukingoni, hatua mia moja hivi kutoka barazani kwake, palikuwa na vibao vyeupe vya chuma vilivyosimikwa kwenye matope, kimoja chini ya kingine mpaka majini, vyote vimechorwa mistari myeusi na namba. Kila siku saa moja asubuhi na saa kumi jioni alipaswa kutazama maji yamefika mstari gani, kisha aandike kwenye daftari kubwa la ofisi ya maji. Alikuwa mwembamba, mwenye kaptura iliyopigwa pasi mpaka ikakata, na alikuwa na saa mbili, moja mkononi na nyingine mfukoni, ambazo alizilinganisha na redio kila asubuhi. Redio ikipingana na ile ya mfukoni, aliikemea redio.

Chumba changu kilikuwa stoo ya madaftari ya zamani. Kitanda kilibanwa kati ya rafu mbili zilizofika darini, na kwenye rafu hizo kulikuwa na maji ya miaka yote aliyoyasoma Bwana Maro, yamekauka na kuwa tarakimu. Harufu yake ilikuwa ya karatasi yenye unyevu na mafuta ya taa. Nilikuwa nikijilaza mchana baada ya shule, kwenye joto lile la Garsen linalomfanya hata mbuzi atembee kwa kufikiri, nasikia Mama Eva, mkewe Bwana Maro, akipepeta mchele uani huku akibishana na jirani wa ua wa pili, na nasikia mijusi wakikimbia juu ya madaftari. Nilikuwa nikidhani kwamba nikilala vizuri, mto wa mwaka fulani utashuka kutoka kwenye rafu na kunipitia juu ya kifua. Sikuogopa. Nilikuwa msichana mvivu, mwenye ndoto nyingi kuliko akili, na chumba kile kilinifaa sana.

Wiki ya pili ndipo nilipogundua kwa nini Bwana Maro alikubali kunipokea. Alikuwa haoni. Si kwamba alikuwa kipofu kabisa; aliweza kukuona ukija, na nazi kwenye wali aliiona ikipungua. Lakini mistari ya kile kibao alikuwa hajaiona kwa muda mrefu, na kama ofisi ingejua, kazi ingekwisha. Hakuniambia hivyo. Alisema tu kwamba msichana wa sekondari anafaa kujifunza vipimo, akanituma chini ukingoni, yeye akabaki juu kwenye kiti chake na mwavuli, akizitazama saa zake mbili. Nikipaza sauti kutaja namba, alikuwa akinyamaza kidogo kama anayeihakikisha kwa macho yake, kisha anasema, "Sahihi." Daftari nililiandika mimi. Mama Eva alijua, mimi nilijua, na tuliila siri ile pamoja na kambare wa kukaushwa kila siku bila kuitaja.

Daftari lilikuwa na safu nne, yaani tarehe, saa, kina cha maji, na safu ya mwisho iliyoandikwa Maelezo. Ya mwisho ilikuwa pana kuliko zote na mara nyingi ilikaa tupu. Bwana Maro alisema ni ya mambo yasiyo ya kawaida, kama mamba kulalia kibao au gogo kukigonga. Mimi sikuweza kuvumilia nafasi tupu pana namna ile. Siku moja Kuresha alipokuwa amekaa nami barazani nikijaza daftari, akaniuliza safu ile ni ya nini. Nikamwambia. Akaichukua penseli mkononi mwangu na kuandika kwa mwandiko mdogo: Leo Alimu Shumbe ameamka akakuta siku imekwisha kuondoka. Nikamuuliza Alimu Shumbe ni nani. Akasema hajui bado.

Kuresha alikuwa darasa moja nami. Watu wake walikuwa Waorma, wenye ng'ombe, na wakati huo kambi yao ilikuwa upande wa chini wa uwanda, kuelekea Minjila. Yeye alikaa mjini kwa mjomba wake mwenye duka, na kila alasiri baada ya shule alitakiwa kuwa chuoni akisoma Kurani. Siku tatu kwa wiki alienda. Siku zilizobaki alikuja kwetu, akapita nyuma ya nyumba akiwa amefunga mtandio mpaka puani, na tukaanza kumtengeneza Alimu Shumbe. Tuliandika kwa penseli ili tuweze kufuta kabla ya mkaguzi wa ofisi ya maji kuja, na kabla ya kufuta Kuresha alinakili yote kwenye daftari lake la sayansi kimu. Bwana Maro alikuwa akikaa pembeni yetu na redio yake, akitusikia tukikwaruza, na alifurahi kwamba maelezo yanaandikwa kwa bidii.

Alimu Shumbe alikuwa mwanazuoni wa wakati katika nchi ya Dorani. Dorani haikuwa mbali. Ilianza pale ukungu wa asubuhi unapogusa ng'ambo ya mto, na ilikuwa ikiondoka jua likipanda. Huko wakati haukupita wenyewe. Ulitunzwa na watu, na ukizubaa ulipotea. Alimu alikuwa amezaliwa siku ambayo kijiji chake kilikuwa kimewaazimisha majirani kwa ajili ya harusi, na majirani hawakuirudisha, kwa hiyo hakuwa na siku ya kuzaliwa. Kazi yake yote, mitungi kumi na saba ya maji ya siku mbalimbali aliyoipanga chumbani kwake, safari zake, vitabu alivyokalia kwa kukosa kiti, yote ilikuwa ni kuitafuta siku ile. Jambo hilo lilitoka kwa Kuresha. Shuleni walikuwa wamemwandikia tarehe mosi Januari kama nusu ya darasa letu, naye alikuwa akiichukia tarehe ile. Aliniambia kwamba mamake anakumbuka tu ng'ombe gani alizaa wiki ileile.

Tuligombana sana kuhusu Dorani. Mimi nilishikilia kwamba siku zinapandwa. Unaitia mbegu kwenye tope maji yakipungua, unaifukuzia ndege, na ukiwa na bahati unaivuna. Kuresha alisema hiyo ni akili ya mtu anayeishi mahali pamoja. Siku ni mifugo, akasema. Kila moja ina rangi yake na alama sikioni, unaweza kuijua kwa mbali, na iliyopotea inafuatwa kwa nyayo. Jumatatu zilikuwa nyekundu. Ijumaa zilikuwa nyeupe, hilo hakukubali kujadili. Alhamisi zilikuwa za kijivu na mara nyingi zenye kasoro. Tulikaa wiki nzima bila kuandika kwa sababu ya ubishi huo, mpaka yeye akapata jibu, na bado naliona kuwa jibu zuri kuliko mengi niliyoyasikia kwa watu wenye shahada. Alisema Dorani ina mashamba na ina malka, ile njia inayoachwa katikati ya mashamba ili ng'ombe wafike mtoni kunywa. Siku zilizopandwa zinakaa mashambani, siku zinazotembea zinapita kwenye malka, na Alimu Shumbe kazi yake ni kuhakikisha malka haifungwi. Tangu hapo kila tuliloandika lilikwenda kwa urahisi.

Mambo hayo tuliyaandika tukila. Mama Eva hakuwa mwingi wa maneno mazuri, lakini alikuwa na mkono wa kupika. Alitupa uji wa mchele uliotiwa ndimu na ndizi za kuchemsha kwa nazi, na vitumbua vilivyobaki vya asubuhi tulivichovya kwenye chai. Kuresha aliogopa mwanzoni kula kwa Wakristo, kisha akaacha kuogopa isipokuwa nyama. Yeye alileta maziwa ya mgando kwenye kibuyu kidogo kilichofukizwa moshi, na Bwana Maro, ambaye alisema hapendi maziwa ya watu wa ng'ombe, alikuwa akiuliza kila siku kama msichana yule hajaja. Nikiyaonja maziwa ya namna ile leo ninakaa kwanza kabla ya kuzungumza.

Na palikuwa na akina mama wa maziwa. Hao ndio ninaotakiwa kuwaeleza vizuri. Walikuja kila asubuhi kutoka kambi za upande wa chini wakiuza maziwa sokoni, mchana wakapumzika kukwepa jua, na ilipokaribia saa kumi na moja walirudi. Njia yao ilipita mbele ya baraza ya Bwana Maro, na kila jioni walisimama kuuliza maji. Sisi hatukulipwa kwa hilo wala ofisi haikujua. Ilikuwa desturi tu. Bwana Maro akisema maji yamepanda, kambi zinazolala bondeni zilihamisha ndama usiku uleule mpaka kwenye kiinuko. Akisema yamesimama, walilala. Ndama hawafuati ng'ombe wakubwa malishoni mbali. Wanaachwa karibu na kambi, na hao ndio wanaokufa kwanza. Aliyekuwa akiuliza kwa niaba ya wenzake ni Mama Halako, mwanamke mrefu mwenye sauti ya chini, shangazi yake Kuresha. Ndiyo maana Kuresha alikuwa akiingia ndani kila walipotokea.

Nilikuwa nikijua mambo ya ndama kuliko nilivyopaswa, kwa sababu Kuresha alinieleza. Babake hakuwa mtu mbaya, ila hakuona faida ya msichana kumaliza sekondari. Mjomba alibishana naye, wakaelewana hivi: ndama kumi na wawili wametengwa, wakikua watauzwa kwa karo mpaka kidato cha nne. Wakifa, au Kuresha akisikika anazurura mjini badala ya kuwa shule au chuoni, basi anarudi nyumbani na yule mchumba aliyekwisha kutajwa anapewa jibu. Kuresha aliwajua wote kumi na wawili kwa majina. Mmoja alimwita Kidato.

Mwishoni mwa mwaka mvua ilinyesha huko juu, mlimani, kwetu kukawa kukavu na anga safi. Ndivyo mto ule ulivyo. Unakuja na mafuriko chini ya jua kali, na mgeni hawezi kuamini. Kwa siku kadhaa maji yalikuwa yakipanda kidogo, kisha yakashuka, kisha yakapanda kidogo. Siku ninayoizungumzia ilikuwa Alhamisi. Asubuhi nilishuka, nikasoma, nikakuta yamesimama palepale pa jana. Mchana hakukuwa na wingu. Kuresha alikuja mapema akiwa amechangamka, maana siku hiyo Alimu Shumbe alikuwa anaiona siku yake ya kuzaliwa. Tulikuwa tumefika hapo baada ya miezi minane. Alikuwa amesimama kwenye malka alfajiri, na siku ile ilikuwa inakunywa maji mbele yake, ndogo, ya rangi ambayo hakuwahi kuiandika katika kitabu chochote. Akiisogelea kwa haraka itakimbia. Ilibidi aseme neno moja. Tulikuwa tunalitafuta neno hilo, tumelala kifudifudi kwenye sakafu ya chumba changu kati ya madaftari, tukikataa moja baada ya jingine.

Bwana Maro alikuwa amelala na homa siku hiyo. Mama Eva alipaza sauti uani kwamba ni saa kumi. Nikasema naam. Nilisikia tena, na nikasema naam tena. Nje palikuwa na jua la kuchoma, matope ya ukingoni yalikuwa yakinasa viatu, na mimi nilikuwa Dorani. Nikamwambia Kuresha kwamba hakuna mvua, maji hayawezi kwenda popote, nikavuta daftari na kuandika namba ileile ya asubuhi. Kuresha aliniangalia, kisha akaendelea kulitafuta neno. Nusu saa baadaye tukasikia vibuyu vitupu vikigongana. Yeye alitoka kwa mlango wa uani, akashika njia ya ukingoni kurudi kwa mjomba. Mimi nikatoka barazani.

"Maji iko vipi leo, mwanangu?" Mama Halako akaniuliza.

"Yamesimama, mama."

"Basi tunalala," akasema, akanishukuru, akaniombea Mungu aniweke.

Maji yalifika kabla ya kupambazuka. Hakufa mtu. Kuna waliomtoa bibi mmoja kwa kumbeba mgongoni, kuna waliopanda juu ya miti na watoto, na ng'ombe wakubwa walikuwa mbali. Ndama hawakuwa mbali. Nilipoamka Ijumaa nilishuka na kukuta vibao vitatu vimezama na mto umekuwa mpana na wa kimya, na vitu vikipita juu yake vikizunguka taratibu, na sikuvitazama vizuri. Jumatatu dawati la Kuresha lilikuwa tupu. Wiki iliyofuata mjomba wake alikuja shuleni kurudisha vitabu. Kati ya kumi na wawili walikuwa wamebaki wawili, na Kidato hakuwa mmoja wao.

Mkaguzi alikuja mwezi uliofuata. Alitazama daftari, akauliza inawezekanaje maji yasipande hata kidole kufikia saa kumi halafu yazamishe vibao vitatu usiku huohuo. Nilikuwa nimesimama mlangoni na sinia ya chai. Bwana Maro alivuta pumzi, akasema, "Jioni ile nilisoma mimi mwenyewe." Mkaguzi akamtazama macho, akamtazama kwa muda mrefu, akanywa chai. Mwaka mpya kazi akapewa mtu mwingine. Mpaka leo sijui kama mzee yule alinikinga mimi au aliyakinga macho yake, na hakunipa nafasi ya kumuuliza. Alinifunza tu kwamba wali ukiungua kidogo chini ndiyo utamu wake, akaendelea kuikemea redio. Nililia sana alipofariki, kuliko watu walivyodhani inafaa kwa mpangaji.

Nilisoma, nikawa mwalimu, nikaomba vituo vya mbali, Hola, kisha Malindi. Nilikuwa nikipita Garsen nikiwa nimeinamisha kichwa, na mahali popote nilipoona mwanamke mwenye kibuyu cha maziwa nilibadilisha upande wa barabara. Nikiwafundisha watoto wa chekechea majina ya siku, walikuwa wakiimba Jumatatu, Jumanne, nami nilikuwa nikiona nyekundu, kisha ya mabaka, na nikifika Alhamisi nilikuwa nikiwaharakisha. Niliambiwa Kuresha ameolewa, ana watoto, anauza maziwa. Nilijua ninachotakiwa kufanya. Sikukifanya, kwa sababu nilikuwa mwoga, na mwoga hupata shughuli nyingi.

Basi siku ile ya kambi ya macho, dawa ilipoanza kuisha na dunia ikarudi kidogokidogo, tulitoka nje tukakaa kivulini mwa ukuta. Sasa niliweza kuuona uso wake, mrefu kama wa shangazi yake. Alikuwa amefanyiwa upasuaji wa jicho moja mwaka jana, akajisifu kwamba anaona hata kunguru ng'ambo ya mto. Aliniuliza watoto, nikamuuliza watoto. Kisha nikaona kwamba nikiuliza salamu moja zaidi nitakufa nayo. Nikamwambia, "Kuresha, unajua ile jioni sikushuka. Namba niliibuni. Nilimwambia shangazi yako uongo, na wewe ukaacha shule."

Hakushangaa. Alikuwa akiviringisha ncha ya mtandio kidoleni, kama alivyokuwa akifanya akitafuta neno la kumpa Alimu. "Mimi nilipita ukingoni," akasema. "Nilikiona kibao cha chini kinazama. Wamama walikuwa bado wako hapo barabarani, ningeita tu wangesikia." Nikamtazama. Akasema, "Lakini wangeniuliza, wewe umetoka wapi saa hii na si uko chuoni? Baba angejua. Nikasema nyamaza, Kuresha, usije ukaharibu shule yako. Nikanyamaza."

Alinieleza kwamba hakuwahi kumwambia mtu, hata mumewe aliyekuwa mtu mwema, na kwamba kila alipoleta maziwa Garsen alipita mbali na nyumba yetu, akidhani niko ndani na ninajua. Alikuwa amejificha kwangu na mimi nimejificha kwake, barabara ileile, miaka yote ile. Nililia, naye akalia, na lile jicho lake jipya alikatazwa kulilia, basi tukaanza kucheka pia. Nikamuuliza lile daftari la sayansi kimu liliishia wapi. Akasema babake aliliwashia moto, lakini Alimu Shumbe hakuungua, kwa sababu watoto wake wote saba wamelala kwa hadithi zake, na sasa wajukuu. Nikauliza kama alilipata neno. Akasema hapana, kila mara anafika pale kwenye malka na mtoto anakuwa amekwisha kusinzia.

Saa yangu ilikuwa inakaribia kumi. Sijui ni nani kati yetu aliyeinuka kwanza. Tulitembea polepole mpaka ukingoni, tukipita pale ilipokuwa nyumba ya Bwana Maro, ambapo sasa pana duka la simu. Vibao vya zamani vimebaki viwili, vimepinda, vina kutu, na rangi nyeupe imebanduka, ila mistari bado ipo. Sikukubali abaki juu, naye hakukubali nibaki. Tulivua viatu, tukashikana, tukashuka kwenye tope mpaka maji yakatugusa vidole. Mimi, pale penye namba, niliona ukungu tu. Kuresha akainama, akasogeza uso, akasoma namba kwa sauti, kisha akaisoma tena polepole ili niwe na hakika.

"Andika," akasema.

Sikuwa na kitu ila penseli na kile kikaratasi cha kambi ya macho. Nikakigeuza, nikakiweka juu ya mkoba wangu, nikaandika tarehe, nikaandika saa kumi jioni, nikaandika kina. Penseli ikafika mahali pa Maelezo, nikasita. Kuresha alikuwa bado amenishika bega ili nisiteleze. Nikaandika: Tulishuka wote wawili.